Wikio Alilolitetea Kaka Abdulrahman

Kaka yangu Abdulrahman, Mungu amrehemu, alifariki hapa Doha mwezi wa Rajabu, mwaka 2017, kwa ugonjwa wa figo. Wenzake wa kambi ya wafanyakazi ya Industrial Area walipokuja kunipa pole, kila mmoja alitaja wikio. Nayaandika haya ili wanangu walioko Unguja wajue mjomba wao alikuwa mtu gani.

Mwaka 2012 kampuni ya ujenzi iliyomwajiri ilikuwa ikikarabati nyumba mbili kongwe katikati ya mji. Juu ya kichochoro kilichozitenga palikuwa na daraja la mbao lenye kuta na paa, ambalo zamani wanawake walivukia kutoka nyumba hadi nyumba bila kushuka mtaani. Kwetu tunaliita wikio. Boriti zake zilikuwa za mkoko, kama za nyumba tuliyozaliwa.

Boriti za paa lake zilikuwa zimeinama katikati. Mhandisi akaona zimeoza, akaamuru wikio livunjwe lijengwe la chuma.

Kaka alizigonga moja moja kwa nyundo, zote zikalia kavu, mlio wa mti usiooza. Akapanda juu ya paa na patasi. Alikuta udongo, chini yake saruji, kisha udongo tena, unene wa mkono hadi kiwiko. Marehemu baba alikuwa mwashi, na hilo ndilo lililokuwa likimuudhi: paa likivuja, wenye nyumba humwaga tabaka jipya juu ya la zamani, wala hakuna anayeondoa. Boriti zikielemewa, husingiziwa uzee.

Alimweleza msimamizi wao Reuben, Mkenya, naye akacheka.

"Wewe Mzanzibari uliletwa kubeba zege. Umekuwa injinia lini?"

"Sijawa, bosi. Ila mti huu naujua. Nipeni siku mbili niutue mzigo, utainuka wenyewe."

"Na paa likuangukie?"

"Likianguka ni langu. Simama mbali, wewe na hilo tumbo lako."

Reuben alimpenda kwa maneno kama hayo, akaenda kwa mhandisi kumwombea ruhusa. Mhandisi alitoa muda hadi Jumamosi jioni. Boriti zisipoinuka, wikio livunjwe.

Kaka alinipigia simu Al Wukair, nilikofanya kazi za nyumbani, akaniomba dua. Alisema roho inamuuma kuona mti mzima ukitupwa kwa kosa lisilo lake.

Alifunga uzi chini ya kila boriti, kutoka ukuta hadi ukuta, ukigusa tumbo lake. Kisha yeye na wenzake wakaanza kuondoa tabaka, ndoo baada ya ndoo. Jumamosi alasiri kila uzi ulikuwa bado umegusa. Reuben akamwambia kwa upole akusanye vifaa. Kaka akaswali, akarudi juu, akamalizia udongo wa mwisho uliokuwa umeshikana na mikeka iliyotandikwa juu ya boriti.

Mbao zikalia. Waliokuwa chini wakakimbia. Reuben peke yake alibaki akitazama uzi wa boriti iliyoinama zaidi, na ndiye aliyeona mwanga ukipita kati ya uzi na boriti.

Mhandisi alipofika, kidole chake kilipenya pale bila kugusa juu wala chini. Alirudia kwenye boriti tatu nyingine. Akamwagiza Reuben watengeneze paa jepesi la chokaa, wikio libaki.

Simu yangu ililia nikiwa naosha vyombo.

"Dada," akasema kaka, "zimenyanyuka."

Nilisujudu palepale jikoni, mikono ina povu.