Sauti ya Tuan Yahamia Koo Jingine

Haya nimehadithiwa na Bi Nunu, jirani yangu wa hapa Bur Dubai, Jumamosi iliyopita asubuhi, tukichambua mchele jikoni kwake. Mkwewe, Yuehua, alikuwa kakaa nasi mezani, kimya. Pale mama mkwe alipotia chumvi nyingi Yuehua alitikisa kichwa, na Bi Nunu akarudi nyuma akalisema upya. Maneno machache aliyoyatoa Yuehua mwenyewe nimeyaweka kama alivyoyatoa.

Jumatano, saa tatu asubuhi, kiyoyozi cha studio ya sauti kinazimwa.

Ni ghorofa ya pili, juu ya maduka ya vitambaa, na nje ni Agosti. Lakini kipaza sauti hakichagui cha kusikia. Kiyoyozi kikiunguruma, mngurumo utaingia ndani ya katuni ukae humo maisha. Basi Cyrus, fundi wa sauti, kijana wa Nyahururu kule Kenya, anakizima kwanza, halafu anaanza kujifuta jasho.

Nyuma ya kioo, katika chumba kidogo kilichotundikwa mablanketi ukutani, msichana anavua viatu. Anavua bangili. Anauma tufaha la kijani, maana ukali wake huondoa ule mlio wa mate mdomoni. Kisha anafungua kinywa, na inatoka sauti ya mvulana wa miaka minane.

Msichana anaitwa Peishan. Mvulana ni Tuan, wa katuni ya Kichina, anayezunguka nchi na punda wake mzee. Kwa miaka kumi na miwili Tuan alisemwa na Yuehua. Leo Yuehua hayumo chumbani. Amekaa upande huu wa kioo, kando ya Cyrus, amevaa gauni la pamba lisilochakarisha, kwa mazoea tu. Kazi yake ni kumfundisha Peishan awe yeye.

Anafundisha kwa mkono. Mkono ukipanda, msichana apandishe sauti. Ukilala juu ya meza, angoje. Daktari amemruhusu Yuehua maneno machache kwa siku, naye hayatupi ovyo.

Kwao Uchina, aliyekutangulia katika kazi hii huitwa mwalimu, hata kama hajawahi kukufundisha lolote. Peishan humwita hivyo kila baada ya sentensi, kwa adabu kabisa. Siku ya kwanza Yuehua alirudi nyumbani akamwambia mama mkwe: "Leo nimekuwa mwalimu kweli." Kisha akaenda kuosha vyombo ambavyo vilikuwa vimeshaoshwa.

Yuehua amezaliwa Kunming, binti wa fundi wa mabasi. Alikuja Dubai akiwa msichana wa miaka ishirini na minne, kuuza taa katika soko la bidhaa za Kichina. Siku moja alikuwa akimtania mwenzake dukani kwa sauti ya mtoto mtundu, na mteja mmoja akasimama kusikiliza badala ya kununua. Mteja yule ni Raed, meneja wa studio. Dubai ina watu wa kila lugha, na studio ndogo kama yake huishi kwa hilo: leo katuni ya Kiarabu, kesho gemu ya Kihindi, keshokutwa ya Kichina. Taa hakununua. Alimwachia kadi.

Kiswahili alikipata kwa Bi Nunu, baada ya kuolewa na Muhanna, mwanawe, anayeendesha lori la mizigo kule Al Ras. Familia yao ilitoka Unguja zamani, na jikoni mwao hakisemwi kingine. Bi Nunu anacheka akikumbuka kwamba mkwewe alijua kutaja viungo vyote vya pilau kabla hajajua kuhesabu.

Kiswahili hicho ndicho kilichomfaa studio, maana Cyrus hana Kichina hata cha kuombea maji. Kwa hiyo mvulana wa Kichina amerekodiwa miaka yote kwa amri za Kiswahili. Rudia hapo, dada. Sogea nyuma kidogo. Hapo umemeza mate, nimekusikia.

Watu hudhani kazi ya kusema ni rahisi, anasema Bi Nunu, naye alidhani hivyo mpaka alipomsikia mkwewe akifanya mazoezi bafuni. Katuni ina maneno. Gemu ina maumivu. Mtoto wa gemu hupigwa, huanguka jabalini, huungua, huzama, hufa na kufufuka, na kila moja lazima lipigiwe kelele yake, fupi na ndefu, karibu na mbali.

Sasa, kuna sheria moja katika kazi hiyo, na hakuna anayeifanya asiyeijua. Makelele huja mwisho. Maneno laini unayasema kwanza, koo likiwa halijaguswa. Ukishapiga makelele unavaa viatu, unakwenda nyumbani, unanyamaza.

Februari mwaka huu Tuan alitengenezewa gemu. Wenye gemu walikuja Dubai wenyewe, wakiwa na ndege ya kuondoka mchana, wakataka wayasikie makelele kwa masikio yao kabla ya kwenda. Raed aliuliza kama yangeweza kutangulia, siku hiyo moja tu. Maneno ya katuni yangengoja alasiri.

Cyrus alikataa. "Dada Yue, makelele ni mwisho. Hiyo unaijua kunishinda."

Yuehua akamjibu: "Wageni wana ndege. Yalla, tumalize."

Tuan akafa asubuhi nzima. Wageni wakapiga makofi, wakashuka ngazi, wakaenda zao.

Alasiri kilibaki kipande kimoja cha katuni. Tuan anamwacha punda wake kijijini, maana punda amezeeka na mlima hauwezi tena. Maneno yenyewe ni haya tu: "Nitarudi. Usinywe maji baridi. Nitarudi." Yuehua alipofika kwenye lile la mwisho, sauti ikapasuka katikati, kama kioo kinavyopata ufa bila kuanguka.

Raed aliinuka kitini. Machozi yalimtoka, mwanamume mzima. Akaomba arudie vilevile. Yuehua akarudia, ikapasuka tena, vizuri zaidi. Akaombwa mara nyingine, na nyingine.

Hakuna aliyejua. Si Raed, si Cyrus mwenye vipokea sauti masikioni, si mwenye koo. "Nilidhani nimeigiza vizuri," Yuehua alituambia pale mezani. "Nilifurahi."

Cyrus naye humwambia kila anayemuuliza kwamba aliisikia ikipasuka, ikampendeza, akaongeza sauti ili aisikie vyema. 

Asubuhi ya pili Yuehua alitaka kumwamsha bintiye, Shahad, aende shule. Kinywa kilifunguka na hakikutoka kitu.

Daktari alimwonyesha picha ya koo lake. Mshipa ulikuwa umepasuka kwenye uzi mmoja wa sauti, na alipoendelea kusema juu ya kidonda akakizidisha. Akanyamazishwa kabisa. Hata kunong'ona marufuku, maana kunong'ona nako husugua. Kidonda kilipopona kiliacha kovu. Sauti ilirudi, lakini nzito, yenye mikwaruzo, ya mtu aliyelala karibu na moto. Mvulana hakurudi.

"Nyumba nzima tulisema kwa vidole," anasema Bi Nunu. "Mimi mtu wa maneno, nikapika kama niko msibani."

Studio haina mshahara. Kule mtu hulipwa kwa saa anayosema, na asiyesema ni kama hayupo. Muhanna alianza kuchukua safari za lori za watu wawili. Raed alituma matunda, kisha akatuma ujumbe wa pole, kisha akawa kimya naye.

Na kipande kile kikaonyeshwa. Watu walikipenda kuliko vyote vilivyotangulia. Wenye katuni wakasema msimu mpya wanamtaka Tuan wa namna ileile, mwenye ufa.

Ndipo Raed alipomleta Peishan, akamweleza Yuehua mambo yalivyo. Peishan asipofanana na Tuan, katuni yote itahamishiwa studio nyingine, mbali. Akifanana, itabaki. Na msimu mpya punda ataanza kusema. Punda ni mzee, sauti yake ni ya mikwaruzo. Punda ni wako, alisema Raed. Wewe mfundishe tu.

Kwa hiyo ili apate punda, sharti amtoe Tuan kwa mkono wake.

Turudi kwenye kioo. Peishan anaweza mengi. Anaweza kicheko cha Tuan, anaweza kupiga chafya kwake, anaweza hata ile tabia ya kuvuta pumzi kabla ya kudanganya. Wamefika kwenye kumuaga punda, kipande kilekile ambacho wenye katuni watampimia. Anasema "nitarudi" ya mwisho, na inatoka nzima. Anarudia, nzima. Analia machozi ya kweli, na bado ni nzima, nzuri, ya msichana mwenye afya.

Jasho linamtiririka Cyrus shingoni. Raed amesimama mlangoni, mikono kifuani.

Peishan anauliza kwa Kichina, kupitia kile kipaza sauti: "Mwalimu, hapa ulifanyaje?"

 Yuehua anabonyeza kitufe cha kuongea.

"Hapo sikufanya kitu," anasema. "Hapo ndipo ilipoondoka."

Cyrus hakuelewa neno, lakini alimwona msichana akishika koo lake mwenyewe. Akauliza. Yuehua akamwambia kwa Kiswahili. Cyrus akainuka, akawasha kiyoyozi, ingawa hakuna aliyesema mapumziko.

Hakuna aliyemlaumu. Walikunywa chai. Raed alitazama saa.

Waliporudi, Yuehua aliingia mwenyewe ndani ya chumba kidogo, mara ya kwanza tangu Februari, bila viatu. Alimwekea Peishan kiganja tumboni na kumwonyesha kwa vidole: toa pumzi yote kwanza, usibakishe, halafu ndipo useme. Usiivunje sauti, ikose tu pa kusimama. Peishan akatoa pumzi mpaka mabega yakashuka, akasema.

Raed alifumba macho. "Khalas," akasema. "Ndiyo hiyo."

Jioni ileile wenye katuni walijibu kwamba wamempokea Tuan mpya. Kuhusu punda, Raed alimwambia Yuehua aje Alhamisi ijayo asikilizwe. Kuna wanaume wawili huko Shanghai watakaosikilizwa pia. Inshallah atapata. Na inshallah ya Raed inajulikana jengo zima, mpaka kwa mlinzi wa chini.

Cyrus alimsindikiza ngazini. "Si alikuwa amesema punda ni wako?"

"Alisema."

"Na ukienda ukamwambia hivyo?"

Yuehua alimwonyesha koo kwa kidole: hana maneno ya kupoteza kwa Raed.

Mimi, pale mezani, nilimuuliza anachotaka sasa. Bi Nunu alitaka kujibu, Yuehua akamzuia kwa mkono. "Nataka punda," alisema. "Punda mzee hapigi makelele." Na akikosa? Amemwomba Cyrus amfundishe mashine, akae upande huu wa kioo kwa kazi, si kwa huruma. Cyrus amekubali. Amemwambia kitu cha kwanza atakachojifunza ni kuzima kiyoyozi.

Tangu Jumatano ile anayaweka akiba maneno yake kwa ajili ya Alhamisi. Akitaka chumvi anaonyesha. Bi Nunu humwambia: "Usiseme, mwanangu, nimekwisha kuona." Lakini siku yenyewe ile ya Jumatano, kabla akiba haijaanza, alizitumia sentensi nne.

Shahad ana miaka saba. Tangu akiwa mchanga alilazwa na Tuan. Mama yake alikaa ukingoni mwa kitanda, Tuan akasema punda amelala na wewe lala, na mtoto akalala. Tangu Februari halazwi na mtu, hulala tu. Usiku huo, kwa sababu alisikia mama amemaliza kazi ya studio, akadhani mambo yamekwisha kuwa sawa.

"Mwite Tuan," akasema.

Bi Nunu akajaribu kuokoa. Akabana pua, akasema yeye ndiye Tuan.

"Wewe bibi," Shahad akamwambia, na akageukia mama yake kungoja.

Muhanna alikuwa kaingia saa moja, kala, na kalala palepale kwenye zulia, lori linamngoja alfajiri. Yuehua alimvuka, akakaa ukingoni mwa kitanda. Akasema kwa Kiswahili, ili na bibi asikie, kwa ile sauti yake ya sasa: "Tuan hayupo. Mimi ni punda wake."

Shahad akamtazama. "Punda hasemi."

"Nimeanza leo."

 Mtoto akauliza kama Tuan atarudi.

Bi Nunu anasema hapo yeye mwenyewe alitaka kuitikia, aseme ndiyo, atarudi, mtoto huambiwa ndiyo. Lakini Yuehua alishajibu.

"Hajaniambia."

Shahad alivuta shuka mpaka kidevuni. "Basi usinywe maji baridi," akamwambia punda, akageukia ukutani. Punde akawa amelala.

Bi Nunu alisinzia kitini na tasbihi mkononi. Yuehua alimfunika miguu. Akaenda jikoni, akapasha maji, akayanywa ya moto, polepole, amesimama. Akaosha kikombe. Akazima taa, akajilaza kando ya mumewe pale kwenye zulia, na baada ya muda naye akalala.