Moshi Wangu Kwenye Filamu ya Chihaya

Mnanisumbua nieleze habari za Chihaya, kana kwamba Kinue hana mdomo. Si yeye anayeonekana kwenye filamu yenyewe? Haya. Mkono wangu mzito kuandika, msome hivyo hivyo.

Chihaya ni mjukuu wa kinyozi wa mtaa wetu hapa Yokote. Filamu zake hazina tajiri wala kampuni. Anaongoza, anapiga picha, kisha anajifungia kwenye duka la marehemu babu yake kukata na kuunga picha. Kwenye filamu ya kwanza alimkata na kumtoa hata mama yake mzazi, eti alikuwa anaharibu mwendo wa picha.

Safari hii alitaka figili zetu za kukausha kwa moshi. Alianzia mlangoni kwangu, na ndiyo haki.

"Bibi Tome, naomba nikupige picha ukifanya kazi."

"Hapana, mwanangu, kizee kama mimi!"

Ndivyo mwenye adabu anavyojibu. Unakataa, unaombwa, unakataa tena, unaombwa, ya tatu unakubali. Na nywele nilishachana. Lakini Chihaya, Tokyo imeshamla adabu zote, akainama, akashukuru, akaenda kwa jirani yangu Kinue. Kinue akakubali papo hapo, kama kuku aliyemwagiwa mtama! Mwanamke ambaye figili zake zinanuka soksi.

Msimu mzima nikawa nasikia kicheko chake ng'ambo ya ua. Roho iliniuma, sifichi.

Theluji ilipofunika mapaa, Chihaya akatuita majirani tuitazame filamu kabla hajaimaliza. Kinue, Kinue, Kinue. Changu ni moshi tu wa figili zangu, unavuka ua na kupita nyuma ya kichwa chake.

"Mbona mimi simo?"

"Mhariri hakuwa na picha yako, bibi."

"Mhariri ndiye nani?"

"Mimi."

"Na mwongozaji?"

"Mimi pia."

"Basi gombaneni humo ndani, mmoja wenu aje kwangu na kamera!"

Kinue akacheka. "Dada Tome, wivu utakukausha kuliko figili."

Chihaya hakucheka. "Nafasi ya picha moja ipo, bibi. Nije kesho?"

Kinue akanikodolea macho, anangoja nirukie kama yeye. Nikasema, "Sitaki."

Nikangoja niombwe tena. Chihaya akainama, akazima mashine. Filamu ikaenda Tokyo bila mimi. Mimi sikukosea, amekosea asiyejua kuomba.

Nanyi mlioniandikisha haya: mkiiona filamu hiyo, moshi ukipita nyuma ya Kinue, simameni mseme kwa sauti kwamba ule ni wa Tome. Wakiwanyamazisha, semeni tena.