Mikono Niliyompachika Mzee Jaswant

Wakuu, niaje. Kuna aliyeuliza hapa kazi ya ku-edit documentary ikoje. Acha niwape yangu ya 2005. Ni ya aibu, kwa hivyo mjue sijidai.

Ofisi moja ndogo ya filamu huko tao, Nairobi, ilinichukua kwa majaribio. Ghorofa ya nne, lifti imekufa. Director wetu, Wambui, alinipasulia: wateja wakiipenda filamu yako ya kwanza, unabaki. Wakiikataa, tusisumbuane.

Nami nilikuwa nimeshamwambia mamangu nimepata kazi. Mama akijua, kanisa zima limejua.

Filamu ilimhusu Mzee Jaswant, fundi wa mbao aliyestaafu, anakaa na mwanawe mtaa wa Loresho. Wiki tatu nilishinda naye kwenye skrini. Nilijua kikohozi chake, na anavyovuta pumzi kabla ya kuongeza chumvi. Ana kwa ana sikuwahi kumwona. Ma-editor ndivyo tulivyo, tunawajua watu wasiotujua.

Sasa, ukikata maneno ya mtu katikati, picha inaruka. Dawa ni kufunika pale kwa picha nyingine, na mikono ikiwa kazini hufunika vizuri sana.

Shida, kanda zote mzee ameweka mkono wa kushoto mfukoni. Nikadhani ni maringo.

Nikachukua mikono ya fundi mwingine Mhindi, mzee wa rika lake, kutoka kanda za kazi ya zamani. Inapiga randa mpaka unatamani kuwa ubao! Nikaipachika mara sita. Nilijisifu, wakuu, hadi nikamwita askari wa mlangoni aje aone.

Siku ya kuwaonyesha familia, ambao ndio wateja wenyewe, sebule ya Loresho ilijaa wajukuu na chai. Mikono ikatokea. Ikatokea tena. Mke wa mzee akaweka kikombe mezani.

"Hii mkono ya nani?"

Mzee akatoa wake kwenye mfuko wa sweta, akauinua. Vidole vinne.

"Miaka arobaini mimi natafuta hii kidole," akasema. "Kumbe iko kwa nyinyi!"

Nyumba ikaangua kicheko. Mimi nilitamani ardhi inimeze. Wambui hakucheka, na hilo ndilo lililonitisha.

Lakini mzee alikuwa amefunguka. Akaanza kueleza msumeno ulivyomkata, kitu ambacho hata wajukuu hawakuwahi kusikia, maana fundi aliyejikata huona haya. Wambui akakimbilia kamera kwenye gari.

Mzee akasema meza ya kwanza aliyotengeneza baada ya ajali ilitoka imepinda. Alitaka kuichoma, mkewe akakataa katakata.

"Ni hii," mkewe akasema, akaipapasa. Ndiyo tuliyokuwa tunanywea chai.

Nilitoa ile mikono mizuri yote, nikaweka wake. Wambui alipoona aliniambia tu, "Kesho saa mbili, usichelewe."

Funzo langu: kabla hujamkata mtu, nenda mnywe chai kwanza.

Haya, na nyinyi kazini mlichemsha wapi? Semeni, msiniache na aibu peke yangu.