Mzee Kipara Hapigi Hodi

Mtu akikwambia kwamba Hellen wa Mbugani ni mpole, mwambie hajawahi kumwona akicheza gemu. Mimi nimemwona. Nauza samaki wakavu, usipa na mbasa, kwenye baraza ileile anayoshonea, cherehani yake kushoto, meza yangu kulia, na tumekaa hivyo miaka kumi na moja. Mteja akileta kitenge cha yadi mbili na kutaka gauni la yadi nne, Hellen anatabasamu na kusema tutaona. Lakini mshikishe ile tableti yake! Utasikia maneno ambayo mwanakwaya hapaswi hata kuyajua.

Mchezo wenyewe aliwekewa na binti yake, Winnie, kipindi anasubiri kwenda chuo Mbeya. Unatengeneza mtu, unamjengea nyumba, unamtafutia kazi, unampikia, unamlaza, unampeleka chooni. Nikamwambia, "Mama Winnie, mtoto umeshalea mpaka amemaliza fomu siksi, leo unatafuta mwingine wa kumpeleka chooni?"

"Huyu halii," akanijibu, macho kwenye kioo.

Mtu wake alimpa jina lake mwenyewe, Hellen. Akamvalisha kitenge. Akampunguza tumbo kidogo. Nililiona hilo la tumbo, nikanyamaza, maana hata mimi ningefanya hivyohivyo.

Shida ilikuwa majirani. Wale hawaendeshwi na mtu, Winnie alisema wanaendeshwa na kompyuta yenyewe. Kama ni hivyo, basi hiyo kompyuta haikulelewa. Kulikuwa na mama mmoja kazi yake kuja kupindua ndoo ya taka na kuondoka. Na kulikuwa na mzee mmoja mwenye kipara na kaptula nyekundu, ambaye jina lake la kizungu halikutamkika, tukamwita Mzee Kipara. Huyo alikuwa balaa. Hapigi hodi. Saa kumi na mbili asubuhi ameshafungua mlango, ameingia, amefungua friji, anakula pilau ya watu amesimama. Akimaliza anawasha redio, anacheza peke yake sebuleni, kisha anakwenda kulala kwenye kitanda cha mwenye nyumba na viatu vyake. Ukimfukuza anaondoka anacheka, kesho karudi.

"Mnyime chakula," nikamshauri.

"Mama Ebeneza, mtu amekuja nyumbani kwangu, nimnyime chakula?" Hellen alinitazama kana kwamba nimetukana msalaba. "Mgeni ni mgeni hata akiwa mjinga."

Basi akawa anampikia! Anapika pilau, inaliwa, anapika nyingine, inaliwa. Mtu wake anakwenda kazini na njaa. Nilicheka mpaka mteja akaondoka na samaki wake mkononi bila mfuko.

Sasa niwaambie habari ya mzee mwingine, wa kweli, ili muelewe kilichotokea.

Hellen ameolewa na Erasto, ambaye biashara yake iko ng'ambo ya mpaka, Karonga, na nyumbani anaonekana kwa nadra. Baba yake Erasto ni Mzee Yotamu wa Ngana. Siku hizi familia nyingi hapa kwetu, mkwe na baba mkwe wanasalimiana tu, wanakaa meza moja, mambo yamekwisha. Lakini ukoo wa Mzee Yotamu wameshika ya zamani. Mkwe hamtazami baba mkwe usoni, hasemi naye, hakai naye chumba kimoja, njiani wakikaribia kukutana mmoja anapisha. Hellen ameishika hiyo miaka ishirini. Na si kwa chuki, jamani. Cherehani ile anayoshonea ni Mzee Yotamu aliyeuza ng'ombe wake akainunua, akaituma kwa watu mpaka Mbugani, kwa sababu alisikia mkwe wake ana mikono mizuri. Hellen ameilea nayo familia. Kusema asante kwa mdomo wake, hajawahi.

Masika iliyopita mzee, ambaye mkewe alishafariki, aliteleza uani kwake Ngana, akalala pale kwenye matope tangu asubuhi mpaka wanunuzi wa kakao walipopita mchana. Erasto akamleta Mbugani, akampa chumba cha nyuma chenye mlango wake wa uani, akarudi Karonga. Tangu hapo mzee akitaka kutoka chumbani anakohoa mara mbili, Hellen asikie apishe. Hellen naye akitaka kupita uani anagonga sufuria. Nyumba nzima kukohoa na kugonga sufuria. Winnie ndiye alikuwa anapeleka chakula na maneno. "Babu anasema chumvi imezidi." "Mama anasema pole, kesho atapunguza." Wanaishi hatua nne kati yao.

Winnie alipoondoka kwenda chuo, kazi hiyo ikaniangukia mimi. Sikukasirika. Lakini mzee alikuwa amekasirika kwa niaba yangu. Kila nikimletea sahani anasema, "Mwanangu, nimewatia watu kazi. Bora ningekufa na nyumba yangu." Hellen nikimweleza, analia. Alinishika mkono kabisa: "Mama Ebeneza, asirudi Ngana. Akirudi kule peke yake, akianguka tena hatutamkuta hai. Mwambie hajatusumbua." Nikaenda nikamwambia. Akaguna.

Hapo ndipo Hellen wa kwenye tableti alipoolewa.

Alikuwa amempenda kijana mmoja wa mtaa ule, mpole, fundi bustani, tukampa jina la Ambwene. Harusi ikafungwa, keki ikakatwa, na Mzee Kipara akaja bila kualikwa akala nusu ya keki. Baada ya harusi kikatokea kipicha cha ukoo, mistari na vichwa vya watu. Bwana harusi huyu hapa. Na juu yake, baba yake mzazi, kipara kinang'aa.

"Yesu wangu!" Hellen akasema, akaiweka tableti juu ya cherehani kama imemchoma.

Nilimwambia ni mchezo tu, watu wenyewe ni wa kuchora. Hakunisikia. Tangu siku hiyo, Mzee Kipara akifungua mlango tu, Hellen anambonyeza yule mtu wake atoke nje mbio. Kipara yuko sebuleni, mtoto wa watu amesimama nje kwenye ndoo ya taka. Akaongeza ukuta. Kipara akapita. Akajenga mlango wa pili. Kipara akautumia huohuo. Kwa kukimbiakimbia hivyo Hellen wa kwenye tableti akakosa kazini siku tatu, akafukuzwa. Mimi mbavu zangu hazikuwa zangu.

Ikafika Jumamosi moja, saa tisa alasiri. Mvua ilikuwa imekatika, mimi nipo barazani natandaza usipa upya, Hellen yumo ndani anapumzika na tableti yake. Ukuta wa chumba chake ndio ukuta wa chumba cha mzee, na ukuta wenyewe ni tofali moja. Ghafla nikasikia sauti yake:

"Wewe mzee umenichosha! Kula wewe, kulala wewe, mimi kazi yangu kukimbia nyumba yangu mwenyewe! Mzee gani asiye na haya! Kwani huna kwako? Rudi kwako!"

Nikacheka. Nilijua anasema na nani. Kisha nikasikia, upande wa pili wa ukuta, mtu anakohoa mara mbili, na kicheko kikanikauka mdomoni.

Mzee Yotamu akatokea ubavuni mwa nyumba. Amevaa koti lake la kanisani. Mkono mmoja begi na kigoda chake, kwapani jogoo wake aliyekuja naye kutoka Ngana.

"Mwanangu, niitie bajaji."

"Unakwenda wapi, Tata?" nikamuuliza; Tata ni baba kwa lugha ya huku.

"Kwangu. Nimeulizwa kama nina kwangu. Ninako."

Sauti haikupanda wala kushuka. Ingekuwa amenifokea ningepata la kusema. Bajaji ya Amon ilikuwa imeegeshwa palepale ng'ambo ya barabara, mzee akampungia mkono mwenyewe, na Amon, kwa kiherehere chake, akaja mara moja.

Nikakimbilia ndani. "Mama Winnie, mzee anaondoka! Amekusikia! Anadhani ni yeye!"

Hellen aliteremka kitandani akakaa sakafuni, mikono kichwani. "Mwambie si yeye! Mwambie, Mama Ebeneza, mwambie!"

Nikatoka nje. "Tata, si wewe. Alikuwa anamtukana mzee mwingine."

"Mzee yupi? Nyumba ina wazee wangapi?"

"Yuko... yuko kwenye tableti."

Alinitazama kwa huruma. "Mwanangu, nina miaka sabini na nane. Uongo wa namna hiyo hata watoto wa Ngana hawausemi."

Nikarudi ndani, nikaichukua ile tableti, nikatoka nayo ili nimwonyeshe. Nikabonyeza. Likatokea tangazo la mafuta ya nywele. Nikabonyeza tena, ikaniuliza kama nataka kufuta kila kitu. Amon ameshapakia begi. Mzee ameshaweka mguu mmoja ndani ya bajaji.

"Nipe," nikasikia nyuma yangu.

Hellen alikuwa anatoka mlangoni kinyumenyume. Kitenge amejifunika kichwa chote, mgongo kwa mzee, anapapasa njia kwa kisigino. Akakaa juu ya kreti langu la samaki, bado mgongo kwa mzee. Akachukua tableti, akabonyeza mara mbili, kisha akaiinua juu ya bega lake, kioo kikimtazama mzee. Miaka ishirini, hakuwahi kumkaribia hivyo.

Mzee akashusha mguu. Hakuweza kujizuia, mtu yeyote angetazama. Akasogea, akainama, jogoo naye akanyoosha shingo.

Pale kwenye kioo Mzee Kipara amesimama mbele ya friji, sahani mkononi, anatafuna.

"Huyu ndiye?" mzee akaniuliza.

"Ndiye. Haombi, hapigi hodi, hakohoi."

"Hakohoi?" Hilo lilimuudhi kweli. "Mzee mzima hakohoi? Basi afukuzwe." Nikaona bega la koti lake linatikisika, anacheka. Nikasema moyoni, tumepona. Kisha akaweka kidole karibu na kioo. "Na huyu mama anayenyeshewa hapa nje ni nani?"

"Mwenye nyumba, Tata."

"Mbona yuko nje?"

Niliutazama mgongo wa Hellen. Haukusaidia chochote. "Huyo anayekula ni baba mkwe wake," nikasema.

Amon akauliza kama safari ipo, nikamwonyesha ngumi.

"Amesimama hapo tangu lini?"

"Tangu asubuhi. Na kazi ameshafukuzwa kwa sababu hiyo."

Mvua ya kwenye kioo ikaendelea kumnyeshea yule mama.

"Mwanangu," akasema.

"Abee, Tata."

"Si wewe."

Nikasogea pembeni.

"Mwanangu," akarudia, akiuangalia ule mgongo wenye kitenge. "Mwingize ndani huyo mama. Atapata homa."

Hellen akaishusha tableti, akapapasa kioo mara tatu akikosea. Lakini akabonyeza, akainua tena. Yule Hellen mdogo akapita mlangoni, akavuta kiti, akakaa mezani kumtazama Mzee Kipara. Wakaanza kuongea ile lugha yao isiyoeleweka. Hakuna paa lililoanguka.

Kwao, niliambiwa baadaye, mwiko huo anauondoa mkubwa, na anauondoa kwa kumpa mkwe kitu kwa mkono wake mwenyewe. Wakati ule sikujua. Niliona tu mzee anamtoa jogoo kwapani, anamshika miguu, anazunguka lile kreti polepole mpaka akasimama mbele ya Hellen.

"Cherehani nilituma watu," akasema. "Huyu nimembeba mwenyewe."

Hellen akapokea kwa mikono miwili, ameinamisha macho. Kisha akayainua. Uso wa mtu aliyempa kazi, mtu ambaye yeye humpikia na amemkwepa kwa miaka ishirini, aliuona hapo, na akaona, alivyoniambia baadaye, kwamba Winnie amechukua pua yake. Machozi yakamtoka. Saa ilikuwa inakaribia kumi jioni, lakini alimsalimu salamu ya asubuhi, ile ya kuuliza mtu amelalaje, maana hakuwahi kumpa hata moja.

"Mugonile, Tata."

"Ndaga, mwanangu," mzee akajibu. "Nimelala vizuri. Nilikuwa nimelala siku nyingi."

"Ndaga fijo kwa cherehani," Hellen akamshukuru.

"Inashona?"

"Inashona, Tata."

Mimi nililia, sioni aibu kusema. Nikamgeukia Amon nikamfokea ashushe begi la watu haraka, kana kwamba yeye ndiye aliyeleta matatizo yote.

Mzee Yotamu yupo mpaka leo. Kigoda chake kiko katikati yetu, kati ya cherehani na samaki wangu, na chakula wanakula sahani moja. Bado anakohoa mara mbili akitoka chumbani, mazoea hayaishi. Tableti sasa ni yake mchana kutwa. Na Mzee Kipara, shetani yule, bado anaingia bila hodi. Jana alilala tena kitandani na viatu, mzee wetu akasimama akaipigia tableti kelele, "Toka! Toka nyumba hii! Huna kwako?" mpaka wapita njia wakageuka kumtazama Hellen kwa masikitiko.

"Tata, punguza sauti," Hellen akamwambia, sindano mdomoni. "Watu watadhani unanifukuza."