Bidoni yenye Kitambaa cha Bluu

Kwa robine yetu ya Ndosho, bomba la maji la mutaa, bidoni za kuchotea ndizo zinapanga mustari; wenyewe wanaziacha pale na kwenda kutafuta chakula. Juzi, maji yalipotoka, mbele ya bidoni yangu kulikuwa moja ya njano, imefungwa kitambaa cha bluu. Papa mmoja akaipiga teke, ikatoka mustarini.

"Mwenyewe amekufa," akasema. "Ni ule mama mukimbizi wa Masisi. Aliacha bidoni hapa asubui, akarudia kwa kambi, bombe ikamukuta kule."

Mama mwenye mutoto mugongoni akainama, akairudisha pahali pake.

"Sasa papa, unamunyanganya mupaka zamu? Atabakia na nini?"

Tukaisukuma kwa miguu mupaka robine, tukaijaza, tukaiweka kando, kila mutu akaenda kwake.

Katika muji huu, bidoni ukiipa mugongo kidogo tu, imeibiwa. Kwa hiyo kesho yake nilipita kuangalia. Ilikuwa ingali pale na kitambaa chake. Ila mutu alikuwa amechukua maji, halafu akairudisha, tupu, nyuma kabisa ya mustari.

Hapa kwetu hata ukifa, kesho yake unapanga mustari tena.