Mlizanyuzi Kwenye Jiwe la Baba

Neno lenyewe ni mlizanyuzi, na mtu asiniulize tena kama liko kwenye kamusi. Haliko. Nimefundisha Kiswahili katika shule za sekondari za Kisumu kwa miaka ishirini na tisa, kamusi ninazo nne, mbili zimebanduka majalada kwa kufunguliwa, na najua kilichomo na kisichokuwemo. Rushwa imo. Fitina imo. Jina ambalo mtaa mzima ulimwita baba yangu halimo, na sioni kwa nini kosa hilo liwe langu.

Mwenye kuniuliza zaidi ya wote ni kaka yangu mkubwa. Miezi michache baada ya kumzika baba nyumbani kwetu, ndani kidogo kutoka barabara ya Awasi, mama alisema anataka jiwe liwekwe kaburini, na chini ya jina la baba liandikwe neno hilo moja. Hakutaka aya ya Biblia. Hakutaka maua ya kuchonga wala mikono iliyofumbatana. Mama ana miaka themanini na tatu, macho yake yanafifia, na daktari alishamwambia waziwazi kwamba hayatarudi. Alitaka kulisoma mwenyewe kabla giza halijamfunga. Basi. Jambo dogo kama hilo lilituchukua mwaka mzima, na nusu ya mwaka huo niliimalizia kwenye simu, katika kundi la WhatsApp la familia, nikitamani kuitupa simu yenyewe ziwani.

"Hiyo neno iko kwa kamusi gani?" kaka aliandika. "Tuandike Mtumishi wa Mungu, tumalize hii maneno."

Chini yake binamu, shemeji na watu ambao sijawaona tangu mazishini wakaweka vidole gumba, kimoja baada ya kingine. Vidole gumba kumi na moja! Hakuna hata mmoja wao aliyewahi kumsikia baba akipiga muziki.

Mimi nilimsikia. Tulikaa Kaloleni, katika nyumba za zamani za baraza la mji, na baba alikuwa fundi wa kuchomelea vyuma huko bandarini. Jumamosi akitoka kazini alioga, akakaa mlangoni kwenye kigoda kifupi, akailaza nyatiti, kinubi cha kwetu, ubavuni mwake, akavaa pete ya chuma kwenye kidole gumba cha mguu. Pete ile aliichomelea mwenyewe. Mguu ulipiga mti wa ala hiyo, vidole vikacheza kwenye nyuzi nane, ambazo miaka hiyo zilikuwa za nailoni ya wavuvi, kutoka Dunga. Watu walikuja na viti vyao. Kama ilivyo desturi yetu, mtu aliweza kumsimamisha katikati ya wimbo ili ajisifu kidogo, ataje kwao na ataje ng'ombe ambao pengine hakuwa nao, kisha baba akaendelea. Lakini baba alikuwa na ujanja wake. Akiendelea, alimtaja mama wa yule mtu. Alijua mama za watu wote, waliokufa na walio hai, na mtu aliyekuwa akijigamba sasa hivi ungemkuta ameinamisha uso akijifuta kwa mkono wa shati.

Ukuta wetu mmoja tulichangia na bibi mmoja Mwislamu, muuza mahamri, ambaye wazee wake walifika Kisumu na reli wakitokea pwani. Ndiye aliyelitunga neno. Kwa Dholuo baba alikuwa jathum tu, mtu wa muziki, kama mwingine yeyote mwenye ala yake. Bibi yule hakuridhika. Alisema jathum ni wengi, lakini huyu anazifanya nyuzi zilie kwanza, na nyuzi zikishalia, wewe ni nani usilie? Akamwita mlizanyuzi, na kufikia mwisho wa mwaka mtaa wote ukawa unamwita hivyo, hata wale ambao Kiswahili chao kilikuwa cha kuombea maji.

Na lilikuwa na adabu zake. Hukumwita baba mlizanyuzi ukimdai kitu, wala ukiwa umelewa. Ulimwita hivyo ukipita asubuhi ukitaka kumpa heshima yake, "Mlizanyuzi umeamkaje?", naye akajibu kwa kuinua kofia. Sisi watoto tulikuwa wana wa mlizanyuzi, na kwa jina hilo tuliongezewa hamri moja kila Ijumaa. Mpiga gitaa wa ukumbi wa jirani alijaribu kujiita hivyo mara moja, bibi akamwambia, "Wewe nyuzi zako zinacheka, baba," na hakurudia.

Leo kila mtu ni mlizanyuzi. Watoto wa Kaloleni walikua, wakahama, wakalibeba neno kama sufuria ya kuazima na kupikia chochote. Mwaka juzi nilikuwa kwenye harusi huko Dunga, mshereheshaji akashika kipaza sauti akatutangazia, "Sasa makofi kwa mlizanyuzi wetu!" Akasimama kijana mwenye kinanda cha umeme. Kinanda hicho hakina uzi hata mmoja isipokuwa waya wa stima. Nilikuwa na samaki mbele yangu, ngege mzima, nikasukuma sahani. Mume wangu akaniuliza nimekasirikia samaki au binadamu. Nikamwambia wote.

Lakini hasira yangu kubwa haikuwa ya kinanda. Ilikuwa ya baba mwenyewe.

Nilipokuwa na miaka sita, baba aliacha. Hakupunguza, hakuugua. Jumamosi moja alikaa mlangoni mikono mitupu, na nyatiti ikawa juu kabatini, imefungwa kwenye gunia. Mwaka huohuo tulianza kwenda kanisani, sote, na baba akabatizwa akiwa mtu mzima mwenye ndevu. Nikajumlisha mbili na mbili, nikamchukia mchungaji. Nilimchukia kwa miaka arobaini na kitu bila kuchoka. Sikumpa mkono. Alipofariki sikwenda kumzika, nikasingizia kusahihisha mitihani.

Baba niliwahi kumwuliza, nilipokuwa chuoni na nikidhani elimu imenipa haki ya kuuliza. Alinitazama, akatazama mikono yake. "Vidole vilichoka," akasema. Alipoacha alikuwa na miaka thelathini na minne, na vidole vilevile viliendelea kushika vyuma vya moto bandarini hadi alipostaafu! Nilitoka nikabamiza mlango. Ukimya wa mtu mpole unaudhi kuliko matusi, kwa sababu huna pa kuushika.

Bibi jirani yeye hakuacha kumwita. Alipita kila asubuhi na sinia lake, "Mlizanyuzi umeamkaje?", na baba akainua kofia vilevile. Mama mmoja wa kanisa alimshauri aache, kwa kuwa mzee ameokoka na mambo hayo hana tena. Bibi akamjibu, "Mpishi kalala, basi si mpishi?" Alimwita hivyo hadi alipokufa. Baada yake jina likawa halisikiki tena nyumbani kwetu. Mama ndiye mtu pekee ambaye sikumsikia akilitumia hata siku moja, na ndiyo maana nilishangaa alipolitaka.

Tulikutana nyumbani, mbele ya kaburi, ili tukate shauri. Kaka alikuja na karatasi. Yeye ni mzee wa kanisa, mtu safi, hajawahi kudanganya mtu, na ubishi wake una reli kama treni, hauachi njia.

"Mwalimu, fikiria," akaniambia. "Watu watasoma, watasema mzee alikuwa mtu wa kuchezea walevi. Watoto wangu watasoma hiyo. Baba aliacha hizo vitu, sasa wewe unamrudisha huko?"

"Mama ndiye anayetaka."

"Mama amezeeka."

"Mama anakusikia," nikasema, kwa sababu mama alikuwa ameketi hatua tatu kutoka pale tulipokuwa.

Niliudhika na mama pia. Mtu anaanzisha vita, halafu anakaa kwenye kiti cha plastiki akichambua mboga.

Wiki iliyofuata nilikwenda kwa fundi wa mawe ya makaburi mjini, nione angalau kama neno litatosha. Ni mtu wa kutoka huko kati ya nchi, mchangamfu, mwenye kalamu sikioni.

"Madam, hii ni jina ya ukoo?"

"Hapana."

"Ya kazi?"

"Hapana. Kazi yake ilikuwa kuchomelea."

"Sasa ni ya nini?"

Nikamweleza. Nilimweleza kwa dakika kumi, nikamwonyesha kwa mikono jinsi nyatiti inavyolazwa, nikapiga mguu sakafuni mwake hadi vumbi la marumaru likaruka. Alinisikiliza vizuri sana, akitikisa kichwa.

"Ah," akasema. "Alikuwa dijei."

Nilirudi kwa mama jioni ile nikiwa nimefura. Nilimwambia nimechoka. Nilimwambia kaka ni mgumu, fundi ni mgumu, kamusi zenyewe ni ngumu, na kwamba haya yote ni makosa ya mchungaji aliyemnyang'anya baba muziki wake, Mungu amsamehe kwa sababu mimi siwezi. Nilisema mengi. Mama aliniacha nimalize, kisha akazungumza kwa Dholuo, taratibu, akitazama upande ambao sauti yangu ilikuwa inatokea.

"Mchungaji hakumwambia kitu, nyara, binti yangu. Ni mimi."

Sikuelewa.

"Kaka yako alikuwa na miaka tisa. Alilazwa, kifua kimejaa maji, hawezi kuvuta hewa. Daktari akatuambia tujiandae. Baba yako alikuwa kazini. Mimi nikatoka nje ya wodi, nikapiga magoti kwenye nyasi, nikamwahidi Mungu nitamtolea kitu akimwacha mtoto. Sikuwa na kitu, nyara. Sikuwa na hata mbuzi. Nikatoa cha baba yako."

Kumbukumbu yangu ya majuma hayo ni moja tu: kitanda kilikuwa changu peke yangu na nilifurahi.

"Nikarudi nyumbani nikamwambia nilichoahidi. Hakuniuliza kwa nini sikutoa changu. Alikaa kitandani akalegeza uzi mmoja, wa pili, zote nane. Asubuhi mtoto akaomba uji. Miaka yote hiyo baba yako hakunitajia. Hata tulipogombana, hata siku alizokuwa na haki ya kunitajia, hakutaja. Na mimi sikuweza kumwita lile jina. Ningeanzaje?"

Nilikaa. Nikamfikiria mchungaji, mzee wa watu, ambaye kila Jumapili alininyooshea mkono nami nikajifanya natafuta kitabu cha nyimbo. Niliona aibu mpaka masikio yakawaka. Kisha, nikiwa mimi, nikakasirika upya. Hoja yenyewe ilikuwa hii! Mwaka mzima tumebishana na hoja ilikuwa kwenye mboga za mama. Nikatoa simu niandike kundini, niwamalize wote na vidole gumba vyao.

"Usimwambie kaka yako," mama akasema.

"Mama!"

"Hapana. Atabebaje kitu kama hicho sasa, na nywele zake zimekuwa nyeupe? Atasema yeye ndiye aliyemnyamazisha baba yake. Usimwambie nikiwa hai, wala nikifa. Wewe andika tu."

Nilimwambia hilo haliwezekani. Ananitaka nishinde ugomvi, na hapohapo ananiambia hoja pekee ya kuushinda niimeze. Akasema mimi ni mwalimu, nitajua la kufanya.

Sikujua. Nilichofanya ni kwenda kwa fundi asubuhi na kumwambia achonge, neno moja, lisikatwe, herufi kubwa na za kina ili zishikike kwa kidole. Kundini sikuandika kitu.

Jiwe liliwekwa Jumamosi moja ya Agosti. Kitambaa kilipotolewa, mama alisogezwa na kiti chake, akainama mpaka uso ukakaribia kugusa jiwe, na akalisoma kwa macho na kidole pamoja, silabi kwa silabi, kwa sauti. Kisha akalisema tena lote kwa mkupuo, mara mbili, kama mtu anayeita nyumbani kwa watu. Wageni waliitikia amina kwa kuwa hawakujua waitikie nini.

Kaka alinivuta nyuma ya jiko.

"Nani alikupatia ruhusa?"

"Ni mimi niliyeamua."

"Mama alikubali?"

"Mimi, nimekwambia. Peke yangu."

Basi akaanza. Alisema nimeaibisha boma. Alisema nina kiburi cha vitabu, kwamba tangu utoto nimekuwa hivi, kwamba kuanzia leo nisimhesabu kuwa kaka. Kuku walikimbia. Wanawake waliokuwa wakisonga ugali jikoni wakaacha miiko, wakasikiliza. Mara kumi siri ya mama ilinijia ulimini na mara kumi nikaing'ata. Alifoka bila kupumzika, mtu wa miaka hamsini na saba, akivuta hewa kifua kizima na kuitoa yote juu yangu, kisha akivuta nyingine, nami nikasimama pale nikaisikiliza inavyoingia na inavyotoka.