Kibao cha Rena

Mimi ni mtu wa hasira za karibu, mke wangu ni shahidi, na kitu cha kwanza kilichonifundisha kuzimeza ni mtihani wa udereva. Sisemi ule wa barabarani. Ule ni kazi ya mikono na miguu, na hiyo ninayo. Nasema ule wa maswali, ambao niliusubiri miezi na miezi wakati wa vita vya Kagera, huku nikiwa nimeshaposa na baba wa mchumba wangu akinitazama kama mbuzi aliyeingia jikoni.

Nilikuwa utingo wa lori la kijiji chetu cha ujamaa, huko Mbuba, wilaya ya Ngara. Utingo ndiye anayelala juu ya magunia, anayezungusha hendeli asubuhi injini ikigoma, na anayekimbia na jiwe kuliweka nyuma ya tairi lori linapochoka mlimani. Vita vilipoanza, wakaja watu wa serikali kuchukua madereva na magari. Dereva wetu walimchukua siku hiyo hiyo. Lori walilizunguka, wakalitazama chini, wakatazamana wao kwa wao, wakaliacha.

Basi likabaki limesimama mbele ya ofisi ya kijiji, kuku wakitaga chini ya kiti. Kahawa na maharage vikajaa ghalani. Kuendesha nilikuwa najua, kwa sababu dereva wetu alikuwa akinipa usukani kila alipotaka kulala, na alipenda sana kulala. Leseni ndiyo sikuwa nayo. Halmashauri ya kijiji ikaamua kwamba nikiipata, lori ni langu kuendesha. Baba wa mchumba wangu, ambaye alikuwa fundi seremala wa kijiji na mjumbe wa hiyo halmashauri, alinisubiri nje ya mkutano.

"Binti yangu simtoi kwa utingo," akasema. "Reta reseni, ndipo tuzungumze."

Ningemwelewa vizuri zaidi kama kusingekuwa na karani mmoja wa ushirika kutoka Kibimba, aliyekuwa ameanza kupita pale kwake mara kwa mara na baiskeli mpya yenye kengele. Kengele ile nilikuwa naisikia hata nikiwa usingizini.

Nikaenda polisi kuchukua leseni ya kujifunzia, ambayo nchi nzima iliita lena, na kwetu sisi, ambao l na r tumezaliwa nazo kapu moja, ikaitwa rena. Hiyo nilipewa bila shida. Nikamuuliza askari wa kaunta mtihani wa maswali ni lini.

"Mkaguzi wa magari akija."

"Atakuja lini?"

"Mafuta yakipatikana."

"Yatapatikana lini?"

"Vita ikiisha."

"Itaisha lini?"

Akaweka kalamu chini, akanitazama kuanzia miguuni. "Kwani wewe unauliza mambo ya vita kwa faida ya nani?"

Nikashukuru, nikaondoka haraka.

Kwa hiyo nikasoma. Nilikuwa na kijitabu cha alama za barabarani alichokiacha dereva wetu, hakina jalada, na baadhi ya kurasa alikuwa ameshavutia tumbaku. Shida ni kwamba katika Ngara nzima ya wakati ule sikuwahi kuona hata alama moja kati ya zile. Taa za rangi tatu nilizisoma kama watu wanavyosoma habari za simba wa Ulaya. Mchumba wangu ndiye aliyenisaidia. Tukiwa kwenye shamba la kijiji, alikuwa akisimama mwisho wa mstari wa maharage na kuinua mfuniko wa sufuria, nami nasema kwa sauti: usipite. Akipanga kuni tatu kuwa pembetatu, nasema: hatari mbele. Wanawake wenzake wakawa wanacheka mpaka majembe yanawatoka mikononi. Ishara za mkono nilizifanyia mazoezi kwenye lori likiwa limesimama, na kila nilipotoa mkono dirishani kuonyesha kwamba nakata kulia, wazee waliokuwa wakipita walinipungia na kuniuliza habari za nyumbani.

Kilichobaki kilikuwa kibao. Gari la mwanafunzi sharti libebe kibao cheupe chenye L nyekundu, mbele na nyuma. Nikaenda kwa fundi, maana nani mwingine ningemwendea bila kumkosea heshima?

"Shikamoo, baba."

"Marahaba."

"Nahitaji vibao vya lena. Herufi moja tu, nyekundu."

"Najua," akasema. "Nimesoma mimi. Nimesoma kwa mapadri, kabra hujazariwa."

Baada ya siku chache akaniita. Alikuwa amevifunika kwa khanga ya mkewe, na nyumba nzima imekusanyika. Akaifunua. Mbao zilikuwa zimepigwa randa zikalainika kama shavu la mtoto, rangi nyeupe imetulia, na katikati, kubwa, nyekundu, yenye kitumbo cha mviringo na mguu mmoja uliotupwa mbele kwa madaha, ilikuwa R.

"Re," akasema, akiigusa kwa kidole. "Re ya rena."

Nilimtazama mchumba wangu. Alikuwa anatazama paa. Sasa wewe niambie ungefanya nini. Kwetu mkwe hasahihishwi. Mkwe akisema ng'ombe ni mbuzi, unamtafutia kamba fupi. Na huyu hata mkwe hajawa bado. Nikapokea vile vibao kwa mikono miwili, nikasema, "Asante sana, baba, vimependeza." Na kweli vilipendeza, hilo ndilo lililoniuma.

Nikavifunga kwenye lori, nikiomba Mungu mkaguzi awe mtu mwenye macho mabovu.

Hatimaye mganga wa zahanati akaja na habari kwamba mkaguzi amefika Biharamulo, atakaa kidogo na kuondoka. Kijiji kilikuwa na mafuta kidogo kwenye pipa, tukayamimina yote kwenye tangi, na pipa tupu tukalipakia nyuma. Sheria ilitaka mwanafunzi akae na dereva mwenye leseni, kwa hiyo tukamchukua mzee aliyewahi kuwa dereva wa misheni, ambaye alipanda, akatuombea safari njema na kulala kabla hatujatoka kijijini. Nilidhani tutakuwa wawili. Lakini fundi akatokea amevaa koti lake la Jumapili.

"Nakwenda kuona mwenyewe," akasema, akapanda.

Tulisafiri vizuri mpaka Kaniha. Pale mgambo walikuwa wameweka kizuizi cha mti uliolazwa barabarani, na mkubwa wao, kijana mwembamba mwenye kofia kubwa kuliko kichwa, akainua mkono. Alama hiyo nilikuwa naijua, nikasimama. Akazunguka mbele ya lori, akasimama palepale, akasoma. Midomo yake niliiona ikisogea. Kisha akapuliza filimbi, wenzake wakaja mbio na marungu.

"Shukeni! R ni Rwanda. Hii gari ya wapi?"

"Ya Ngara, ya kijiji cha ujamaa!" nikasema.

"Mbona imeandikwa R?"

Hapo nikanyamaza, maana fundi alikuwa ameshashuka na alikuwa amesimama karibu yangu, akijifuta vumbi kwenye koti. Yeye ndiye aliyejibu, tena kwa kiburi: "Hiyo ni rena, kijana. Hujui rena?"

"Rena naijua," akasema mgambo, ila nikaona ameanza kusitasita. Kisha akapata akili nyingine. "Ng'ambo huko wanaendesha upande wa kulia. Na mimi nimekuona kwa macho yangu unakuja kulia!"

"Kushoto kuna shimo!" nikapaza sauti. Hasira zilikuwa zimefika kooni. "Shimo lenyewe linaweza kumeza ng'ombe, nenda ukalitazame!"

Wakatuma mtu kulitazama. Akarudi akasema ni kweli, lipo, na ni kubwa. Lakini mkubwa wao hakutaka kushindwa mbele ya vijana wake. Akatupanga mstari.

"Tutawajua kwa maneno. Wewe mzee, sema: lori."

"Rori," akasema fundi.

"Mmesikia!" akasema mkubwa. "Huyu si wa hapa. Anasema rori."

Wale vijana wakatazamana. Mmoja akainua mkono kama yuko darasani. "Lakini, kamanda, hata wewe asubuhi umesema tusimamishe kila rori."

Kamanda akavua kofia, akajikuna, akaivaa. Mzee wa misheni akaamka, akauliza kama tumefika, akalala tena. Mimi nilikuwa natazama jua tu. Mkaguzi atakuwa ameshakunja makaratasi yake, na huko nyumbani kengele ya baiskeli inalia. Nilitaka kulia na mimi, sioni aibu kusema.

Ndipo Landrova ikaja kutoka upande wa Biharamulo, ikasimama ng'ambo ya ule mti. Akashuka mtu mnene mwenye sare iliyopigwa pasi, akauliza kwa Kiswahili cha Tanga kilichonyooka kuna nini. Kamanda akapiga saluti.

"Tumekamata gari la kigeni, afande!"

Yule mtu akaja, akakitazama kibao. Akakitazama sana. Kisha tumbo lake likaanza kutikisika, akatoa leso, akajifuta macho.

"Nani mwenye gari hili?"

"Mimi, afande," nikasema. "Nilikuwa nakwenda Biharamulo kwenye mtihani wa maswali."

"Basi umefika. Mkaguzi ni mimi, na mafuta niliyonayo hayanirudishi Biharamulo. Lete hilo pipa."

Akakaa juu ya pipa tupu pembeni mwa barabara, mimi nikasimama mbele yake, mgambo wakatuzunguka, na fundi akasogea mpaka bega lake likagusa langu. Mkaguzi akaanza. Ukikuta duara jekundu lenye mstari mweupe katikati? Nikauona mfuniko wa sufuria, nikajibu. Pembetatu? Nikaziona kuni. Mkono ukinyooshwa nje na kupungwa polepole juu na chini? Napunguza mwendo, afande. Nilijibu yote. Mgambo wakaanza kunishangilia, na kamanda mwenyewe akasema, "Huyu ni wa hapa hapa, mimi niliona mapema."

"La mwisho," akasema mkaguzi, na macho yake yakaenda kwenye kibao, yakarudi kwangu. "Gari la mwanafunzi huwekwa herufi gani?"

Bega la fundi nililisikia joto lake kwenye bega langu. Nikisema L, nimepata leseni, na nimemvua nguo mbele ya mgambo wa Kaniha mzee aliyepiga randa zile mbao kwa mikono yake. Nikisema R, nimefeli, na karani wa Kibimba atanunua kengele ya pili. Nikafumbua mdomo. Ulimi wangu, ulimi huu nilionyukwa kwa ajili yake tangu darasa la kwanza, mwalimu akisema le na mimi nikisema sijui nini, nikauacha uende unakotaka.

Ukatoka mlio ulio katikati. Haukuwa le, haukuwa re.

"Amesema re," akanong'ona mgambo mmoja.

"Amesema le," akasema mwenzake.

Mkaguzi akainamisha kichwa. "Rudia."

Nikarudia. Mlio ukawa uleule, sijui hata leo niliutoaje. Mkaguzi akanitazama. Kisha akamtazama fundi na koti lake, akarudi kwangu, na nikaona uso wake unabadilika taratibu.

"Nimesikia vizuri," akasema. "Umefaulu. Haya, panda ugeuze hilo lori tuone miguu." Nikageuza, nikarudi kinyumenyume mpaka kwenye ule mti na sikuugusa. Mkaguzi akaja kwa fundi na kumpa mkono. "Mzee, rangi hii umepaka vizuri sana. Lakini vifungue sasa hivi. Huyu si mwanafunzi tena."

Fundi akavifungua mwenyewe, akavikunjia kwenye koti lake la Jumapili na kubaki na shati mpaka Mbuba.

Tulioana baada ya mavuno. Dereva wetu alirudi salama kutoka vitani, akakuta nimeshika usukani, akasema afadhali, sasa atalala vizuri. Kibao kimoja mkwe wangu alikipigilia juu ya mlango wake, na watoto wetu wote walijifunzia R pale. Mkubwa wetu aliandika "rori" mpaka darasa la nne na mwalimu hakuelewa ni kwa nini.

Miaka mingi baadaye, mzee akiwa hawezi tena kushika randa, nilikuwa nimekaa naye kibarazani tukimenya maharage. Akatazama juu ya mlango.

"Siku ile pare Kaniha," akasema, "uliporudia mara ya piri. Ulisema nini?"

"Nilisema ulichoandika, baba."

"Mwongo," akasema. "Nilijua nimekosea tangu yule mkaguzi aripocheka. Nikawa nasubiri uniumbue."

Nilishikwa na aibu na huruma kwa pamoja, mtu mzima na maharage mkononi. "Sasa mbona hukusema, baba? Ungeniambia tu sema le, mimi ningesema."

"Na wewe mbona hukusema?"

"Nilikuwa namtaka binti yako."

Akatupa ganda uani, akachukua lingine.

"Basi," akasema, "na mimi nilikuwa nataka mkwe dereva."